Haki ya kujitetea katika nidhamu ya watumishi wa serikali, Birere

Haki ya kujitetea inamzuia mkubwa wa ofisi ya serikali kumwadhibu mtumishi kabla ya kumweleza kosa lake na kusikia jibu lake. Katika Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo haki hiyo imewekwa na kifungu cha 19 cha Katiba ya 2006. Kwa watumishi wa kudumu inaongozwa na Sheria namba 16/013 ya 15 Julai 2016, iliyochukua nafasi ya ile ya 1981.

Huko Birere, eneo la biashara la Goma lililo jirani na Gisenyi ya Rwanda, serikali ilikuwa ikionekana vizuri zaidi kwenye kituo cha mpaka cha Petite Barrière kabla ya Januari 2025. Dekreti ya 28 Machi 2002 iliruhusu idara nne tu kufanya kazi mipakani: uhamiaji (DGM), forodha (wakati huo OFIDA, leo DGDA), ukaguzi wa bidhaa (OCC) na afya ya mipaka. Mama aliyevuka na ndoo ya nyanya aliwaita watumishi wa idara hizo zote serikali. Lakini wakishukiwa wote kwa kosa lilelile, tuseme pesa zilizopokelewa bila risiti, hawafuati njia moja. Wa OCC ana mkataba, na Sheria ya Kazi ya 2002 inamtaka mwajiri anayemwachisha bila notisi kwa kosa zito amwandikie ndani ya siku 15 za kazi tangu alipolijua kosa hilo. Mhudumu wa afya aliye mtumishi wa kudumu wa wizara anaanza kwa kupewa barua ya kumwomba maelezo, na adhabu zake zinapanda ngazi: onyo la maandishi, kukatwa sehemu ya mshahara, kusimamishwa kwa muda bila mshahara, kisha kufukuzwa.

Kesi nyingi husimama au kuanguka kwenye barua hiyo. Mtumishi mzoefu hujibu kwa maandishi, hupiga fotokopi, na haondoki dirishani mpaka nakala yake igongwe muhuri wa kupokelewa. Bila muhuri, mkubwa anaweza kuandika kwamba alikataa kujibu. Asiye na namba ya matrikule, yaani ya usajili wa watumishi, yuko pabaya zaidi: huyo hafukuzwi, anaambiwa tu asirudi kesho.

Mfano mkubwa wa nchi nzima wa kuvunjwa kwa haki hii uliwakuta majaji na waendesha mashtaka. Tarehe 6 Novemba 1998 Rais Laurent-Désiré Kabila aliwafukuza 315 kwa Dekreti namba 144, akiwatuhumu kwa uovu wa tabia, rushwa, utoro au kutoijua kazi. Hawakuitwa mbele ya baraza lao la nidhamu, wala hawakuonyeshwa ripoti zilizowahukumu. Mahakama ya juu ilisema dekreti hiyo ni tendo la kiserikali (acte de gouvernement) lisiloweza kuchunguzwa na majaji, jibu ambalo kwa kweli lilimwachia rais sheria yote mkononi. Watu 68 kati yao walipeleka malalamiko kwa Kamati ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa. Serikali haikujibu. Julai 2003 Kamati iliwapa haki, ikataka walipwe fidia na warudishwe kazini iwapo hakuna hatua halali za nidhamu dhidi yao.

Mei 2021 Kivu Kaskazini, jimbo la Goma, iliwekwa chini ya hali ya kuzingirwa, wanajeshi wakachukua nafasi za wakuu wa kiraia. Hata hapo kifungu cha 61 cha Katiba kinataja haki ya kujitetea na haki ya kukata rufaa miongoni mwa zile zisizosimamishwa kamwe. Kifungu hiki hakijapata umaarufu kinaostahili katika ofisi za mji.

Waasi wa AFC/M23 waliuteka mji mwishoni mwa Januari 2025 na kuweka gavana wao. Benki, ambako mishahara ya serikali ilikuwa ikipitia, zikafungwa. Mtumishi aliyekimbia anaweza kuandikwa mtoro katika daftari, na aliyebaki anaweza kuitwa msaliti. Wote wawili wana haki ya kuulizwa kwanza, ila serikali halali ambayo barua ya kuomba maelezo hutumwa kwa jina lake iko Kinshasa, zaidi ya kilomita 1,500 kutoka Goma. Baraza la Serikali (Conseil d'État), mahakama ya juu ya mashauri ya kiutawala iliyopangwa na sheria ya 15 Oktoba 2016, nalo liko hukohuko.