Baloji: jina la kuogopesha likaingia kwenye filme

Kwa Kiswahili chetu cha Lubumbashi, muloji ni mmoja, baloji ni wengi: wachawi. Mwanamuziki aliyezaliwa hapa mjini mwaka 1978 amebeba jina hilo tangu utoto. Mwenyewe ameeleza kwamba zamani lilimaanisha watu wenye ujuzi, mpaka ukoloni ulipoligeuza. (Musimuchanganye na Sammy Baloji, mpiga picha, naye ni wa hapa na naye ni wa 1978.)

Baba alimpeleka Ubelgiji angali mdogo. Mama akabaki Lubumbashi, mawasiliano yakakatika. Mtoto akakulia Liège, akaimba rap na kundi la Starflam. Miaka mingi ikapita ndipo barua ya mama ikamfikia, na jibu lake likawa albamu nzima, Hotel Impala. Familia zilizohama zinazotusikiliza zinajua uzito wa barua kama hiyo.

Shule ya filme hakusoma. Aliandika, aliomba pesa, milango ikafungwa. Akaanza na filme fupi kwa nguvu zake: Kaniama Show (2018), inayochekesha juu ya televisheni ya serikali, kisha Zombies (2019), ya Kinshasa, watu wamezama katika simu zao. Usitafute hadithi iliyonyooka humo. Nguo, ngoma na barakoa ndizo zinazosema. Mimi niliirudia Zombies mara mbili kabla ya kuishika.

Filme yake ndefu ya kwanza, Augure, ilipata tuzo ya Sauti Mpya huko Cannes mwaka 2023, katika sehemu ya Un Certain Regard. Koffi anarudi kutoka Ulaya na mchumba wake mzungu mwenye mimba, ameleta mahari. Amezaliwa na alama usoni, na mama yake mwenyewe anamkwepa. Akimbeba mtoto wa dada yake, damu inamtoka puani na kumdondokea mtoto. Basi, wajomba wanamkamata: muloji huyu! Pembeni yake yuko Paco, shege, kiongozi wa vijana wanaovaa magauni ya pinki, naye anaitwa mchawi.

Hapo ndipo filme hii ya ajabu inatugusa sisi. Mama mmoja aliyekimbia vita alinisimulia namna mpwa wake alivyolaumiwa kwa ugonjwa wa mwenye nyumba aliyewapokea. Mtoto wa miaka tisa, alilala nje siku nne. Lakini katiba yetu, kifungu cha 41, inakataza kumshtaki mtoto uchawi, na sheria ya tarehe 10 Januari 2009 inaweka adhabu. Mama yule hakuwa amesikia habari hiyo hata siku moja.

Kwenye Oscar, Augure ilipelekwa kwa jina la Ubelgiji, si la Kongo. Pesa nyingi zilitoka Ulaya. Ila Marc Zinga, anayemcheza Koffi, alizaliwa Likasi, na Kiswahili kinasikika humo ndani.