Vibao Vyote Vilielekeza Moscow

Usiku wa kuamkia Agosti 21, 1968, ndege za kijeshi za Kisovieti zilianza kutua mfululizo katika uwanja wa Ruzyně, Prague, huku vifaru vikivuka mipaka ya Czechoslovakia. Vilikuwa vimepakwa mistari myeupe. Jeshi la mwenyeji lilitumia vifaru vya aina ileile, na bila alama hiyo mvamizi asingejua kipi chake na kipi si chake.

Kosa la mwenyeji lilikuwa nini? Tangu Januari, Alexander Dubček, katibu wa kwanza mpya wa chama cha kikomunisti, alikuwa amelegeza kamba. Magazeti yaliandika bila kalamu ya mkaguzi, na yaliyokuwa yakinong'onwa jikoni yakasemwa barabarani. Dubček hakutaka kujitoa katika Mkataba wa Warsaw, umoja wa kijeshi wa nchi za kikomunisti, wala hakuukana ujamaa. Alitaka ujamaa wenye sura ya utu. Leonid Brezhnev, kiongozi wa Kisovieti, alihofia kwamba fundo likifunguka Prague, yatafunguka na mengine.

Poland, Hungary na Bulgaria nazo zilipeleka askari wao katika uvamizi. Romania, mwanachama wa mkataba uleule, ilikataa. Huku kwetu, Tanzania ya Mwalimu Nyerere, mwaka mmoja tu baada ya Azimio la Arusha, ililaani uvamizi huo waziwazi.

Majeshi ya Czechoslovakia yaliamriwa kubaki kambini. Raia ndio waliotoka. Waling'oa vibao vya mitaa na namba za nyumba ili wageni wasijue pa kumkamata nani, na vibao vya barabara kuu wakaviandika upya: kila njia ikaelekea Moscow. Redio ilihamia mafichoni ikaendelea kutangaza. Vijana waliopanda juu ya vifaru kubishana na askari hawakuhitaji mkalimani, maana Kirusi kilikuwa somo la lazima shuleni. Wengi wa askari wale walikuwa vijana wa rika lao, walioambiwa wanakwenda kumwokoa ndugu.

Lakini haukuwa utani mtupu. Nje ya jengo la redio, mtaa wa Vinohradská, watu zaidi ya kumi waliuawa siku ya kwanza. Hadi mwaka unakwisha waliokufa walifika 137, wengine kwa kugongwa tu na magari ya kijeshi.

Dubček alichukuliwa hadi Moscow, na Agosti 26 viongozi wa Czechoslovakia wakatia saini masharti ya kusalimu amri. Mmoja tu, daktari František Kriegel, aligoma. Aprili 1969 Dubček aliondolewa madarakani, na baadaye akaishia katika ofisi ya misitu huko Slovakia.

Kilichowauma watu wa Prague ni kwamba Mei 1945 jeshi hilohilo la Kisovieti walilipokea kwa maua kama mkombozi. Kwa kumbukumbu ya siku hizo, kifaru namba 23 kiliwekwa juu ya jiwe mtaani Smíchov, na kikakaa pale karibu muda wote askari wa uvamizi walipokuwa nchini. Aprili 1991 mwanafunzi wa sanaa, David Černý, alikipaka rangi ya waridi. Jeshi la Czechoslovakia likakirudishia kijani. Wabunge, wakijua kinga yao inawalinda, wakachukua brashi wakakipaka waridi tena. Askari wa mwisho wa Kisovieti waliondoka Juni mwaka huo. Kifaru sasa kiko katika makumbusho ya kijeshi ya Lešany, na rangi yake ya waridi.