'One Week': Filamu ya maharusi na nyumba iliyokuja kwenye makasha

Bwana na bibi harusi wanatoka kanisani. Mjomba amewazawadia kiwanja na nyumba, lakini nyumba yenyewe bado imo ndani ya makasha, na wao ndio wa kuijenga. Hivyo ndivyo inavyoanza 'One Week', yaani 'Wiki Moja', filamu fupi ya vichekesho iliyotoka Marekani Septemba 1920.

Ni nani walioitengeneza?

Bwana harusi anaigizwa na Buster Keaton, aliyezaliwa Kansas mwaka 1895. Ndiye pia aliyeiongoza filamu hiyo, akishirikiana na Edward F. Cline. Bibi harusi ni Sybil Seely. Keaton alikulia jukwaani. Tangu akiwa mtoto mdogo alifanya maonyesho na wazazi wake, akirushwa huku na kule ili watu wacheke, na huko ndiko alikojifunza namna ya kuanguka. Alijulikana pia kwa uso usiotabasamu, hata mambo yakiharibika vipi.

Filamu hii haina sauti. Kila kichekesho kimo katika vitendo, na maneno machache huandikwa kwenye kioo katikati ya picha.

Je, nyumba za makasha zilikuwepo kweli?

Ndiyo. Kampuni ya Sears, Roebuck ya Chicago iliuza nyumba za aina hiyo kati ya 1908 na 1940, na inakadiriwa ziliuzwa takriban 70,000. Mteja alichagua nyumba kwenye kitabu cha picha, akalipa, kisha mbao zilizokwisha kukatwa zikasafirishwa kwa treni pamoja na misumari na maelekezo. Kila kipande kilikuwa na alama yake, na fundi alifuata alama hizo.

Hapo ndipo Keaton alipopata kisa chake. Katika filamu, mwanamume aliyekataliwa na bibi harusi anakuja kwa siri na kubadilisha namba za makasha. Maharusi wanafuata maelekezo kwa uaminifu, na nyumba inasimama ikiwa imepinda. Mlango wa ghorofani unafunguka hewani, na anayetoka anaanguka hadi chini.

Wiki inaishaje?

Kalenda inafika Ijumaa tarehe 13, siku ambayo Wamarekani wengi huiona kuwa ya mkosi. Maharusi wanaalika wageni waje kuiona nyumba. Dhoruba inapiga, na nyumba nzima inaanza kuzunguka kama pia. Wageni wanarushwa nje mmoja mmoja.

Kulipokucha anakuja mtu na habari mbaya zaidi: wamejenga kwenye kiwanja kisicho chao. Kibao kilikuwa kimegeuka juu chini, na namba 66 ikasomeka 99. Kiwanja chao kiko ng'ambo ya reli. Wanaiweka nyumba juu ya mapipa na kuivuta kwa gari, lakini inakwama katikati ya reli, na treni inakuja.

Treni hiyo inapita kwenye njia ya pembeni. Maharusi wanashusha pumzi. Ghafla treni ya pili inatokea upande mwingine na kuivunjavunja nyumba.

Kwa nini bado inatazamwa?

Kwanza, vilivyotumika ni vitu halisi. Nyumba ilijengwa kweli juu ya jukwaa linalozunguka, na iliyoigonga ni treni ya kweli. Mtazamaji anaona uzito wa kila kitu.

Pili ni hao maharusi wenyewe. Bibi harusi hakai pembeni akisubiri kuokolewa. Anasukuma, anavuta na kuhangaika sawa na mumewe. Wanapoteza zawadi yao yote ndani ya wiki moja, lakini hawageukiani kulaumiana. Mwishoni Keaton anaweka kibao cha kutangaza kwamba nyumba inauzwa, anaacha na karatasi ya maelekezo kwa atakayenunua, kisha wanaondoka wameshikana mikono.

Mwaka 2008 Maktaba ya Bunge la Marekani iliiingiza 'One Week' katika orodha ya filamu za kuhifadhiwa. Haki zake za umiliki nchini humo zimekwisha, hivyo inapatikana bure kwenye intaneti. Ina urefu wa dakika 20 na kitu, na hata asiyejua Kiingereza ataifuata bila taabu.