Pingili ya Ngapi? Historia Fupi ya Kuhesabu Kiuno

Wasomaji wangu, leo naziweka programu kando. Shemeji yangu hupakia magunia siku za soko pale Sondu, mpakani ambapo Wajaluo na Wakipsigis hukutana kuuziana. Kiuno kilipomzidi alipigwa eksirei, na ripoti ikasema ana pingili nne za kiuno. Mwezi uliofuata, mahali pengine, ripoti ikasema ana tano, ya mwisho imeungana na mfupa ulio chini yake. Akanipigia simu: "Shemeji, wewe mtu wa kompyuta, kwani mifupa huongezeka?" Nilicheka. Kisha nikaacha kucheka, maana alikuwa ameambiwa huenda akachomwa sindano mgongoni. Sindano hiyo itaingia kwenye pingili ya ngapi?

Sisi tunaoandika programu tunalijua kosa hili. Mmoja anaanza kuhesabu kwenye sifuri, mwingine kwenye moja. Kila mmoja kwake yuko sawa. Balaa huanza wanapobadilishana data.

Kwa kawaida binadamu ana pingili 7 za shingo, 12 zenye mbavu na 5 za kiuno. Chini yake iko sakramu, mfupa wa pembetatu uliotokana na pingili zilizoshikana, halafu kifandugu. Lakini wako wanaozaliwa na pingili ya mpakani: ya mwisho ya kiuno imejiunga na sakramu, upande mmoja au pande zote mbili, au ya kwanza ya sakramu imejitenga ikafanana na ya kiuno. Si laana, na wengi hawajui kabisa kwamba wanayo. Tafiti zinatofautiana mno kuhusu idadi yao, kuanzia watu 4 hivi katika 100 hadi zaidi ya 30, na nadhani sehemu ya tofauti hiyo ni huku kuhesabu kwenyewe.

Mwaka 1917 Mario Bertolotti, daktari Mwitaliano, aliihusisha pingili hiyo na maumivu ya kiuno. Ubishi kuhusu ni mara ngapi huleta maumivu haujaisha. Mwaka 1984 Castellvi na wenzake waliigawa katika aina nne, na mgawanyo wao unatumika hadi leo.

Mwaka huohuo, mwezi wa Agosti, Kamoya Kimeu aliokota kipande cha fuvu huko Nariokotome, Turkana. Uchimbaji ukaleta karibu mifupa yote ya mvulana aliyeishi miaka milioni 1.5 hivi iliyopita. Wataalamu wakamhesabia pingili sita za kiuno. Wakaandika hivyo katika kitabu kikubwa cha mwaka 1993, nasi tukaamini kwamba kiuno cha wahenga kilikuwa kirefu kuliko chetu. Mwaka 2011 Martin Haeusler na wenzake, wakiwa na vipande vya pingili na mbavu vilivyokuwa havijatambuliwa, walipanga upya mgongo ule. Wakapata tano! Mifupa ilikuwa ileile; mpangilio ndio uliobadilika.

Hata hivyo sita si ndoto. Huku kwetu ziwani, kisiwani Mfangano, ulipatikana mgongo wa nyani wa kale wa zaidi ya miaka milioni 17. Alijulikana kama Proconsul hadi mwaka 2015, alipopewa jina la Ekembo kutoka Kisuba. Yeye anakadiriwa kuwa na pingili sita za kiuno.

Idadi huamuliwa tumboni mwa mama. Mwaka 2003 Deneen Wellik na Mario Capecchi, huko Utah, walizima vinasaba vya Hox10 katika panya, na panya wakaota mbavu hadi kiunoni. Wenzangu mnaochezea faili za mipangilio mtaelewa: badili mstari mmoja, mpaka unahama.

Turudi kwa shemeji. Picha ya kiuno pekee haionyeshi shingo, kwa hiyo msomaji wa picha mara nyingi huanza chini, kwenye sakramu, na kupanda. Sakramu ikiwa imemeza pingili, hesabu yote inasogea. Mbavu nazo si mashahidi kamili, kwani wako wenye jozi 11 na wenye 13. Njia ya uhakika ni kushuka kutoka pingili ya pili ya shingo, ambayo ina kijino chake. Mashine ya MRI huweza kupiga picha ya haraka ya mgongo mzima kwa kazi hiyo, lakini bei yake tunaijua. Eksirei ya kifua ikiunganishwa na ya kiuno husaidia kiasi.

Nilimwambia asitupe bahasha hata moja, aende na filamu zote mbili, na aombe iandikwe kwenye ripoti hesabu ilianzia wapi. Daktari alizibandika kwenye taa sambamba, akahesabu kwa ncha ya kalamu, akarudia. Ile "ya nne" ya ripoti ya kwanza ndiyo iliyokuwa "ya nne" ya pili. Waliachana kwenye ile iliyojishika chini tu. Akaichora kwa mkono kwenye faili, mbavu ya mwisho ikiwa juu na mshale ukielekea pale panapouma.