Jicho la Mnyama Huona Watu Pia

Mwanzoni mwa karne iliyopita, Mjerumani Carl Georg Schillings alizunguka nyika za Afrika Mashariki ya Kijerumani akiwa na kamera na bunduki. Usiku alifunga punda au ng'ombe kuwa chambo, akatega uzi, na simba aliyeugusa akajipiga picha mwenyewe. Kitabu chake cha 1905 kilivuma Ulaya, na filamu za wanyamapori zimeurithi mtindo wake: mpiga picha hutoweka, mtazamaji akaamini anayaona maisha ya mnyama kama mnyama anavyoyaishi. Miaka ya 1970 mtengenezaji filamu Alan Root, aliyekulia Kenya, aliificha kamera ndani ya gamba la kobe, nyumbu wakapita juu yake. Kisha yeye na mkewe Joan wakaingia na kamera hadi ndani ya kichuguu. Ufundi huo unastahili heshima. Lakini kadiri kamera ilivyomsogelea mnyama ndivyo binadamu alivyofutwa pichani, na hapo dai la kuona kwa jicho la mnyama likapungukiwa ukweli.

Mfano upo Tanzania. Ukishika barabara ya Segera kutoka Msata, ukakata mashariki pale Mandera, unafika Hifadhi ya Taifa ya Saadani, iliyotangazwa 2005. Kijiji cha Saadani, bandari ya kale, kimezungukwa na hifadhi hiyo. Kiboko wa mto Wami anaijua sauti ya boti. Tembo ananusa moshi wa jikoni. Ukimwonyesha tembo huyo bila kijiji wala wavuvi, umebuni mnyama asiyekuwepo. Wapo watakaosema kwamba mtu akionekana, mnyama hubadili mwenendo. Ni kweli, na huko kubadilika ni sehemu ya maisha yake.

Hoja nzito zaidi ni kwamba picha za pori tupu ndizo zilizowaokoa wanyama. Filamu ya Bernhard Grzimek na mwanawe Michael kuhusu Serengeti, ya mwaka 1959, ilishinda Oscar na kuwafanya mamilioni ya watu wa mbali waipende nchi wasiyoijua. Michael alikufa katika kazi hiyo, ndege yake ilipogongana na tumbusi. Mchango huo siupuuzi. Ila filamu hiyohiyo iliwaona Wamasai na ng'ombe wao kuwa tishio, na mwaka huohuo utawala wa Kiingereza uliwaondoa Serengeti na kuwapeleka Ngorongoro. Filamu haikutoa amri hiyo. Iliwapa watazamaji sababu ya kuiona ya haki. Pori likishaonyeshwa tupu, anayeishi humo huonekana mvamizi.

Vijana wanaojifunza sanaa Bagamoyo wana Wami na Saadani jirani yao. Wakiinua kamera, wasisubiri mvuvi apite ndipo warekodi. Wamrekodi pamoja na kiboko, kwa sababu kiboko mwenyewe anamwona.