Ghuba ya Bothnia, Bahari Inayopungua

Ghuba ya Bothnia ni mkono wa kaskazini wa Bahari ya Baltiki. Magharibi yake ni Uswidi, mashariki ni Ufini, na mlangoni, upande wa kusini, vimetapakaa visiwa vya Åland. Urefu wake unapita kilomita 700. Katikati, penye Kvarken, pwani mbili hukaribiana na maji huwa machache, kina chake kikiwa chini ya mita 25. Kusini ya hapo kuna kilindi kinachokaribia mita 300.

La ajabu zaidi ni kwamba nchi inayoizunguka ghuba hii ingali inapanda. Zama za barafu, barafu yenye unene wa kilomita 3 hivi iliilemea Skandinavia hadi miamba ikadidimia. Barafu iliyeyuka yapata miaka 10,000 iliyopita, lakini miamba haijamaliza kuinuka. Huko Höga Kusten, Uswidi, ufuo wa kale sasa uko mita 285 juu ya bahari. Kvarken hupanda milimita 8 hivi kwa mwaka, na kwa kuwa pwani yake ni tambarare, kila mwaka huibuka karibu kilomita moja ya mraba ya nchi mpya. Maeneo haya mawili ni urithi mmoja wa dunia wa UNESCO, na yanastahili.

Miji imelazimika kuifuata bahari. Luleå ulihamishwa mwaka 1649 bandari yake ilipokosa kina. Vaasa, ulioteketea kwa moto mwaka 1852, ulijengwa upya karibu zaidi na maji.

Mito mikubwa huizimua chumvi, hata kaskazini samaki wa maziwani huishi baharini. Msomaji wa pwani yetu angeshangaa zaidi kukuta hakuna bamvua wala maji mafu: kupwa na kujaa ni kwa sentimita chache tu, na kiwango cha maji hufuata upepo. Majira ya baridi kaskazini huganda, na meli hupita nyuma ya meli za kuvunja barafu.

Hadi 1809 pwani zote mbili zilikuwa za ufalme wa Uswidi, ndiyo maana Kiswidi bado kinazungumzwa sana kandokando ya Vaasa. Huko Ufini, ardhi inayoibuka huwa mali ya mwenye maji, mara nyingi wanakijiji kwa ushirika. Mwenye kiwanja cha ufukweni akitaka kuifuata bahari, hana budi kuwalipa.