Dawa za kunenepesha: kilo zinapanda, afya inashuka

Mashariki mwa Congo, kumwambia mutu kwamba amenona ni kumusifu. Maana yake anakula, ana amani, na nyumbani mambo inaenda. Mwenye kukonda anatiliwa mashaka: watu wanasema ana SIDA, ao bwana yake hamulishi. Ndiyo sababu wamama na wasichana, na hata vijana wanaume, wanatafuta kunenepa haraka. Wengine wanaanza wiki chache mbele ya ndoa, wengine kisha kuzaa.

Dawa mbili zinazotumiwa sana

Ya kwanza ni siproheptadini. Ni dawa ya alerji, kama vile mafua na ngozi yenye kuwasha. Kwa kuwa inaongeza njaa, inauzwa kama vitamini, mara nyingi ndani ya siro. Inaleta usingizi, kizunguzungu, kinywa kukauka na macho kuona ukungu. Kwa mwenye kuendesha pikipiki, hiyo ni hatari ya kweli. Mutu akiiacha, njaa inapungua, kilo zinashuka, naye anarudi kununua.

Ya pili ni deksametazoni, yenye wengi wanaita "deksa". Ni dawa ya nguvu. Mwaka 2020 ilionekana kwamba inaokoa wagonjwa wa Covid-19 waliohitaji oksijeni. Lakini kwa mutu mwenye afya, inafanya uso kuwa mviringo, inajaza tumbo na nyuma ya shingo, huku mikono na miguu inalegea. Sukari na tansion zinapanda, mifupa inapoteza ugumu. Kinga ya mwili inashuka, na kifua kikuu kilicholala kinaweza kuamuka.

Usiache deksa kwa ghafla

Juu ya figo kuna tezi mbili ndogo zinazotengeneza homoni yenye kufanana na dawa hii. Mutu akimeza deksa kwa wiki nyingi, tezi hizo zinalala. Akiacha siku moja tu, hasa akipatwa na malaria kali ao akipasuliwa, mwili unakosa homoni: tansion inaanguka, anatapika, anazimia, na anaweza kufa. Mwenye ameizoea aende kwa muganga na amwambie ukweli wote. Dawa itapunguzwa polepole.

Na mawazo je?

Deksa yenyewe inavuruga usingizi na roho: leo furaha bila sababu, kesho hasira ao huzuni. Tena, mwenye kuchukia mwili wake haponeshwi na kilo. Akifikia zile alizotaka, anaanza kutafuta zingine, na dawa anaificha bwana na wazazi. Maneno ya familia na majirani juu ya mwili wa mutu ndiyo mara nyingi yanamusukuma.

Kuna pia wenye kukonda sababu ya woga, kufiwa ao kukimbia vita. Huzuni inakata hamu ya kula. Kwa hao, dawa ya njaa inafunika kidonda bila kukiponesha. Wanahitaji kusikilizwa, na kwenye kituo cha afya waulize kama kuna mushauri wa kisaikolojia.

Mwembamba afanye nini?

Kwanza ajue kama kweli amekonda kupita kiasi. Mutu mzima mwenye urefu wa mita 1,60 akiwa kati ya kilo 48 na 63, uzito wake ni wa kawaida, hata kama majirani wanasema mengine.

Aliye chini ya hapo, ao mwenye kupoteza kilo bila kujua sababu, apimwe: kifua kikuu, SIDA, minyoo, sukari na tezi ya shingo vinakondesha. Akimeza dawa ya kunenepa, ugonjwa unaendelea ndani na matibabu yanachelewa.

Kama hana ugonjwa, aongeze chakula: maharagi, karanga, sombe yenye mafuta ya mawese, avoka, mayai, sambaza ao ndakala, na uji kati ya milo. Kilo za namna hiyo zinakuja polepole, lakini hazidai kidonge kila asubuhi.